Juma Moja Katika Miji Miwili

Waama, hakuna safari inayochosha kama ile ambayo msafiri hajaianza. Mbele yangu hivi sasa pana karatasi iliyokunjwa na kukunjuliwa mara nyingi hata mikunjo yake imeanza kupasuka. Juu yake nimechora jedwali la safu saba, kila safu siku moja. Safu nne za kwanza ni za London. Tatu za mwisho ni za Hamburg. Jedwali hili nimelifuta na kulichora upya kwa zaidi ya mwaka mmoja, na hadi leo sijakanyaga hata ngazi ya ndege. Pamoja na hayo, nathubutu kudai kwamba nimekwenda mwendo mrefu. Ni mwendo huo ninaonuia kumsimulia msomaji wa jarida hili, hasa mwanafunzi mwenzangu anayelala na kuamka na ndoto ya kwenda ng'ambo kutafuta elimu ya Kiswahili.

Kauli hiyo ya mwisho huenda ikamchekesha mtu. Aende ng'ambo kutafuta Kiswahili? Ndivyo alivyoniuliza mama yangu mzazi, nyumbani kwetu Bungoma, siku nilipomfunulia siri yangu. Alikuwa uani akipukuchua mahindi. Aliuweka gunzi chini, akanitazama, akasema, "Mwanangu, kwani siku hizi Wazungu ndio wenye Kiswahili?" Nilicheka, naye akacheka, lakini swali lake lilinikwama kooni kama mwiba wa samaki.

Nilimjibu kwa kumweleza kisa cha tasnifu yangu ya uzamili. Tasnifu hiyo inahusu Utenzi wa Tambuka, ambao wengine huuita Chuo cha Herekali. Kama ajuavyo kila aliyepitia somo la fasihi ya kale, utenzi huu unahusishwa na Bwana Mwengo wa Athumani wa Pate, na mwaka unaotajwa ni 1728. Unasimulia vita baina ya Waislamu na Warumi wa Bizanti waliokuwa chini ya mfalme Herekali, nao una beti zaidi ya elfu moja. Ulitungwa Pate kwa lahaja ya kaskazini, ukaandikwa kwa hati ya Kiarabu, ukapokezanwa mkono kwa mkono na wanakili waliokuwa na wino, subira na mapenzi ya lugha.

Kisha nakala zake zikaanza kusafiri. Mnamo 1854 mmishonari Ludwig Krapf, aliyekuwa na kituo Rabai, alipeleka Ujerumani miswada ya tenzi, huu ukiwemo, ikawekwa katika maktaba mjini Halle. Mwaka wa 1909 Carl Meinhof alihamia Hamburg kushika uprofesa wa lugha za Kiafrika katika taasisi ya kikoloni ya mji huo, na mnamo 1911 na 1912 akauchapisha utenzi wenyewe. Nakala za mkono zikapata makao Hamburg, nyingine zikapata makao London. Jan Knappert alipouandikia utenzi huu tasnifu yake ya udaktari mwaka wa 1958, ilimbidi azilinganishe nakala hizo. Nami nikataka kufanya vivyo hivyo kwa macho yangu, si kwa macho ya Knappert.

"Kwa hivyo," akasema mama baada ya kunisikiliza, "Kiswahili ni chetu, lakini karatasi ni zao." Sikuwa na la kuongeza.

Nilianza kupanga mwezi wa Oktoba 2024. Kwanza ilinibidi nichague miji. Mtu asidhani hilo lilikuwa jambo jepesi. Kila niliyemwambia kuhusu safari yangu alikuwa na mji wake wa kunipa. Rafiki mmoja alisema kwamba kufika Ulaya bila kuuona mnara wa Eiffel ni sawa na kufika baharini bila kutia mguu majini. Mwingine alinitajia Roma. Binafsi nilivutwa sana na Halle, kwa sababu ya ile miswada ya Krapf, nikauandika mji huo katikati ya jedwali langu. Kisha nikapiga hesabu ya siku nikaufuta. Wahenga walisema mshika mbili moja humponyoka. Sembuse mshika nne! Juma ni siku saba tu, na msafiri wa juma moja anayetaka kuona miji mitano hatimaye huona vituo vitano vya garimoshi.

London ilibaki kwa sababu maktaba ya SOAS, iliyo karibu na Russell Square, ina mkusanyo mkubwa wa miswada ya Kiswahili. Humo mna karatasi za William Taylor, mmishonari aliyeishi Mombasa na kukusanya mashairi ya Muyaka bin Haji kwa msaada wa Mwalimu Sikujua. Humo pia mna karatasi za William Hichens, aliyechapisha Diwani ya Muyaka mwaka wa 1940. Hamburg ilibaki kwa sababu ya Tambuka. Miji miwili, kazi moja.

Hata hivyo, liko jambo jingine lililoifungamanisha miji hiyo akilini mwangu, nalo ni maisha ya Sayyida Salme. Binti huyu wa Sayyid Said bin Sultan alizaliwa Unguja mwaka wa 1844. Mnamo 1866 alitoroka kisiwani akiwa na mimba ya mfanyabiashara Mjerumani, Rudolph Heinrich Ruete. Waliozana Aden mwaka uliofuata, akabatizwa kwa jina la Emily, wakaenda kuishi Hamburg. Mwaka wa 1870 mumewe alifariki kwa ajali ya tramu, akamwachia watoto watatu wadogo katika nchi ya baridi ambayo lugha yake alikuwa bado akijifunza. Miaka mitano baadaye alipata habari kwamba nduguye, Sayyid Barghash, ambaye sasa alikuwa Sultani, yuko ziarani London. Salme alifunga safari kutoka Ujerumani hadi London ili apatane naye. Alifika mjini, akasubiri, na nduguye hakumwona. Alifariki Jena mwaka wa 1924, na kaburi lake liko Ohlsdorf, Hamburg.

Kwa hiyo, miaka takriban 150 kabla yangu, tayari alikuwapo mtu wa pwani yetu aliyefika katika miji hiyo hiyo miwili. Nilimwandikia mahali katika jedwali langu: Jumamosi, Ohlsdorf, kwenda kumtolea Bibi Salme salamu za nyumbani.

Mji ukishachaguliwa, huja suala la tarehe. Hapa niliwahi kudanganyika. Mwanzoni nilipanga kwenda mwezi wa Mei, kwa kuwa nilisikia kwamba baridi huwa imepungua. Kumbe Uingereza hufunga kazi Jumatatu ya kwanza na ya mwisho ya mwezi huo, na Ujerumani nako kuna sikukuu ya Leba, ya Kupaa kwa Yesu na ya Pentekoste, mbili za mwisho zikihamahama baina ya Mei na Juni kwa kufuata Pasaka. Msafiri wa bustani na makumbusho hajali sana. Msafiri wa miswada akikuta mlango wa maktaba umefungwa, safari yake imekwisha. Nikahamia Septemba, mwezi usio na sikukuu ya taifa zima katika nchi zote mbili, ambao mchana wake haujafupika kama wa Disemba na wenye majira yasiyotuhangaisha, kwani wakati huo London huwa nyuma ya Nairobi kwa saa mbili tu, na Hamburg kwa saa moja.

Kisha nikagundua kwamba juma si siku saba. Naomba msomaji anivumilie nimwoneshe hesabu hii, maana ndiyo iliyonifunza zaidi ya vitabu vya njia za utafiti. Naondoka Nairobi usiku wa Jumamosi. Jumapili asubuhi niko London, macho mekundu, maktaba haifanyi kazi ya miswada. Jumatatu, Jumanne na Jumatano nafanya kazi. Alhamisi asubuhi naruka kwenda Hamburg, mwendo wa kama saa moja na nusu angani, lakini ukiongeza viwanja vya ndege, nusu ya siku imeliwa. Alhamisi alasiri na Ijumaa nafanya kazi. Jumamosi naenda Ohlsdorf, na jioni naanza kurudi kupitia mji mwingine wa Ulaya, kwa kuwa hakuna ndege ya moja kwa moja kutoka Hamburg hadi Nairobi. Jumla yake ni siku nne na nusu. Basi safari yote hiyo, kwa gharama yote hiyo, ni kwa ajili ya siku nne na nusu!

Maktaba za aina hii nazo zina adabu zake. Huingii ukaitisha mswada kama aitishaye chai hotelini. Unaandika barua mapema, unataja namba ya kila mswada unaotaka kuuona, unaeleza sababu, unapangiwa siku. Ukifika unaacha mkoba nje, unaingia na penseli tu, kwa sababu tone la wino wa kalamu haliondoki katika karatasi ya kale. Nilizipenda adabu hizo. Zilinikumbusha kwamba wapo watu wanaoziheshimu karatasi zetu, ingawa waliozipeleka kule hawakutuuliza.

Likaja suala la ruhusa. Wengi wetu tunadhani Ulaya ni nyumba moja yenye mlango mmoja. La hasha. Uingereza ilitoka katika Umoja wa Ulaya tarehe 31 Januari 2020, na hata kabla ya hapo haikuwa katika eneo la Schengen. Kwa hivyo, Mkenya anayetaka kuona London na Hamburg katika juma moja sharti abishe hodi mara mbili: viza ya Uingereza kwa pauni, na viza ya Schengen kwa yuro. Hiyo ya pili humruhusu mtu kuingia nchi 29, nami nikiwa na haja ya mji mmoja tu. Ada yake ilipandishwa hadi yuro 90 mwezi wa Juni 2024. Ya Uingereza nayo, nikiwa katikati ya hesabu zangu, ilipandishwa Aprili 2025 kutoka pauni 115 hadi pauni 127. Fauka ya hayo, viza ya Schengen hudai bima ya safari isiyopungua yuro 30,000 kwa matibabu. Nilipomsomea mama tarakimu hiyo aliuliza kama ni mimi nitakayelipa au ni mimi nitakayelipwa.

Ukijumlisha viza mbili, bima, nauli ya kuingilia mji mmoja na kutokea mwingine, malazi ya vitanda vya pamoja, usafiri wa mjini na chakula cha kujipikia, jumla yangu ilikaribia shilingi 310,000. Nilikuwa nimeweka akiba ya shilingi 196,000, niliyoichuma kwa kufundisha muhula mzima katika shule ya upili na kusahihisha mitihani hadi vidole vikapata sugu. Palipungua zaidi ya shilingi laki moja.

Mjomba, ambaye ni mtu wa mijini na mwenye maarifa ya mijini, alinipa ushauri. "Mpwa wangu," aliniambia, "kopa pesa kwa marafiki, uziweke benki kwa wiki mbili, uchapishiwe taarifa ya akaunti, kisha uwarudishie." Nilimshukuru kwa heshima, lakini sikulifuata shauri lake. Taarifa ya benki huonesha miezi, si siku. Na fedha inayoingia ghafla hujitangaza yenyewe kama mgeni aliyevaa viatu katika msikiti. Zaidi ya hilo, niliona ni aibu kuanza safari ya kutafuta ukweli wa mswada kwa kughushi karatasi nyingine.

Hapo ndipo mama aliposema atamwuza ng'ombe.

Naomba nieleweke. Ng'ombe huyo si mali ya anasa. Ni maziwa ya asubuhi, ni karo ya mdogo wangu aliye kidato cha tatu, ni samadi ya shamba letu dogo. Mama alilisema jambo hilo kwa wepesi kana kwamba anazungumza juu ya kuku. "Atapelekwa soko la Chwele," alisema. "Mtoto wangu akitaka kusoma, ng'ombe ni nini?" Nilikataa mara ya kwanza. Mara ya pili nilikataa kwa sauti ndogo zaidi. Mara ya tatu nilinyamaza, na kunyamaza huko ninakuonea haya hadi leo.

Wiki ile ile, kabla ya siku ya soko, niliingia ofisini mwa mwalimu wangu msimamizi kumwonesha jedwali. Ni mama wa makamo, mzaliwa wa pwani, mtu asiyepaza sauti na asiyepoteza neno. Alilitazama jedwali langu kwa makini, akasifu jinsi nilivyoepuka sikukuu, akasifu Ohlsdorf. Kisha akageukia tarakilishi yake. SOAS ilikwisha kupiga picha miswada yake mingi na kuiweka katika mtandao, hivi kwamba mtu aliyeko Nairobi anaweza kuitazama bila viza. Alifungua ukurasa mmoja, akanigeuzia kioo.

"Soma," alisema.

Nilitazama. Palikuwa na mistari iliyonyooka, wino mweusi, vitone vyekundu baina ya vipande vya beti. Nilitambua bismillahi juu kabisa, kwa kuwa nilikuwa nimeiona mara nyingi. Chini yake nilitambua herufi moja moja kama mtu atambuaye sura za watu sokoni bila kujua majina yao. Mimi ni mtoto wa kanisa la Bungoma. Sikupitia chuoni kwa maalimu. Kozi yetu ya hati ya Kiarabu ilikuwa ya muhula mmoja, nikaipita kwa alama nzuri kwa kukariri jedwali la herufi usiku wa kuamkia mtihani. Nilisoma neno la kwanza. Nikakisia la pili. La tatu likanishinda.

Mwalimu hakucheka. Alisubiri kwa muda, kisha akauliza kwa upole, "Sasa kijana, ukifika London ukawekewa mswada wenyewe mezani, siku zako nne na nusu utazifanyia nini?"

Msomaji, nimewahi kuulizwa maswali magumu mbele ya jopo, lakini hakuna lililowahi kunivua nguo kama hilo. Nilikuwa nimepanga kila kitu: ndege, kitanda, penseli, hata maua ya kaburi la Sayyida Salme. Jambo moja tu sikulipanga, nalo ndilo lililokuwa safari yenyewe. Salme alifika London akakosa kufunguliwa mlango. Mimi ningefunguliwa mlango kwa heshima zote, nikaketi, nikakosa la kufanya ndani. Na ng'ombe wa mama angekuwa ameuzwa kwa ajili ya hilo.

Usiku huo nilimpigia mama simu nikamwambia ng'ombe asiende Chwele. Aliuliza kama nimenyimwa viza. Nikamwambia sijanyimwa na mtu yeyote. Nimejinyima mwenyewe hadi mwaka ujao. Alinyamaza kidogo, kisha akasema kwamba basi kesho atakamua kama kawaida. Nilisikia furaha ambayo alijaribu kuificha.

Mtaka cha mvunguni sharti ainame. Mwezi wa Agosti 2025 nilichukua sehemu ndogo ya akiba yangu, nikapanda garimoshi hadi Mombasa, basi hadi Mokowe, na mashua hadi Lamu. Mwalimu alikuwa amenipeleka kwa jamaa mmoja wa Langoni, mzee mstaafu ambaye kila mtu mtaani humwita Maalimu. Nilimweleza kwamba mimi si Mwislamu na kwamba ninataka kusoma tenzi za kale. Alinitazama, akasema, "Herufi hizi zimeandikiwa Kiswahili miaka mingi, mwanangu. Kaa kitako."

Nilitarajia kuanzia Tambuka. Hakunipa Tambuka. Alinipa daftari la marehemu baba yake, aliyekuwa na duka dogo na aliyeandika madeni ya wateja wake kwa Kiswahili, kwa hati ya Kiarabu. Sukari. Mafuta ya taa. Uzi. Nani kalipa, nani bado. Kila asubuhi tuliketi barazani, mimi nasoma madeni ya watu waliokwisha kufa, yeye ananisahihisha huku akisalimiana na wapita njia.

Katika daftari hilo ndimo nilimojifunza kile ambacho kozi ya muhula mmoja haikunipa. Hati ya Kiarabu, kama walivyoitumia wazee wetu wengi, haikuwa na herufi ya kila sauti ya Kiswahili. Herufi ya b ilibeba pia p; f ilibeba pia v; alama moja ya irabu ilitosha i na e, na nyingine ikatosha u na o. Ung'ong'o wa mb na nd aghalabu haukuandikwa kabisa. Kwa sababu hiyo, neno moja lililoandikwa kwa herufi mbili za b laweza kusomwa baba, papa, bamba au pamba. Siku moja nilisoma kwa kujiamini, "Deni la baba." Maalimu akacheka hadi akafuta machozi. Ilikuwa pamba ya kujazia mito.

Jambo hilo dogo lilinifungua macho. Hati ile haimfundishi mtu Kiswahili. Humdai Kiswahili kwanza. Msomaji sharti aje na lugha kichwani, aje na maana, aje na mizani ya ubeti, ndipo herufi zimjibu. Nilianza kuelewa kwa nini nakala za Hamburg na za London zaweza kutofautiana, na kwa nini mhariri mmoja husoma hivi na mwingine vile. Tofauti nyingine zilitoka kwa wanakili, lakini nyingine zilitoka kwa wasomaji, kila mmoja akisoma kwa kadiri ya Kiswahili alichokuwa nacho. Na hapo nilipata jibu la mama. Karatasi ziko kwao, ni kweli. Lakini ufunguo wake hauko karatasini. Uko kwa mtu anayejua kwamba huko Lamu macho ni mato, njia ni ndia, na moja ni moya. Uko barazani Langoni, kwa mzee ambaye hana viza wala haihitaji.

Ufunguo huo nao haudumu milele. Maalimu aliniambia kwamba wajukuu wake wote wanasoma Kurani vizuri, lakini hakuna hata mmoja aliyewahi kulisoma daftari la babu yao. Hawajapata kuketi naye. Kama sisi wanafunzi wa Kiswahili katika vyuo vikuu hatutajitahidi kuijifunza hati hii kwa dhati, siku itafika ambapo miswada itakuwa salama salimini katika makabati ya London na Hamburg, imepigwa picha nzuri na kila mtu duniani anaweza kuiona, na hapatakuwa na wa kuisoma.

Sitaki mtu afikiri kwamba nimeiacha safari, au kwamba nawashauri wenzangu waache zao. Kuna mambo ambayo picha haisemi: unene wa karatasi, mshono wa kurasa, maneno yaliyofutwa na kuandikwa upya, nukta iliyoanguka na isiyojulikana kama ni wino au ni uchafu. Nukta moja katika hati hii hubadilisha herufi, na herufi hubadilisha neno. Kwa ajili ya nukta kama hizo mtu ana haki ya kupanda ndege. Ila apande akijua anakwenda kutazama nukta zipi.

Kwa hivyo nimelichora jedwali upya, na tarehe ni Septemba ijayo. Jumapili London bado ni siku ya kulala. Lakini kuanzia Jumatatu hadi Jumatano sikuandika tena "maktaba" peke yake kama nilivyofanya mwaka jana. Nimeandika beti 31, kila moja na neno linalonitatiza, nilizozipata kwa kusoma picha zilizoko mtandaoni na matoleo yaliyochapishwa. Alhamisi alasiri na Ijumaa, Hamburg, beti zizo hizo. Jumamosi, Ohlsdorf. Makaburi hayo yana ukubwa wa takriban hekta 390, na msafiri asiye na ramani aweza kupotea humo mchana kutwa. Nimekwisha kuitafuta ramani.

Akiba yangu nimeanza kuijaza tena. Safari ya Lamu, mwezi mzima, chakula, malazi na zawadi ya Maalimu, ilinigharimu chini ya nusu ya nauli ya ndege. Nilipomweleza mama hesabu hiyo alisema alijua tangu mwanzo. Hakujua, lakini sikubishana naye. Ng'ombe alizaa mwezi wa Novemba, ndama jike. Mama amempa jina la Hamburgi, na kila nikipiga simu huniambia kwamba Hamburgi ananyonya vizuri.